Jalada linalokufa siku deni linapolipwa

Simu iliingia Ijumaa, saa kumi kasoro jioni. Aliyepiga alijitambulisha kwa jina moja tu, akamwambia shemeji yangu: "Njoo hapa kituoni mara moja, kuna kitu kidogo tuwekane sawa." Wenyeji wa mjini wanajua kwamba "mara moja" ya kituo cha polisi siku ya Ijumaa inaweza kwenda hadi Jumatatu. Shemeji ni mtu wa mpunga, magunia na mizani, hajawahi kuitwa polisi maishani mwake. Akaenda. Baada ya saa moja dada akanipigia: simu ya mumewe haipatikani.

Nilimkuta nyuma ya kaunta, pekupeku, viatu na mkanda vimerundikwa chini ya benchi pamoja na vya wenzake. Ukutani kulikuwa na tangazo lililofifia: dhamana ni haki yako, na ni bure. Nikauliza kosa. Nikatajiwa namba ya RB, ile inayotolewa malalamiko yanapoandikishwa kituoni, na maneno "kujipatia fedha kwa njia ya udanganyifu". Nikauliza mlalamikaji yuko wapi. Yuko ndani, kwa mpelelezi, kwenye kiti cha plastiki, na chupa ya soda mkononi.

Habari yenyewe ni fupi. Msimu uliopita shemeji alikopa milioni 6 kwa bwana huyo, wakaandikishana mbele ya mwenyekiti wa mtaa, naye akashika njia ya Ifakara kukusanya mpunga. Bei ikaanguka. Akawa analipa kidogo kidogo, nyingine kwa simu, nyingine mkono kwa mkono bila risiti. Kwa hesabu yake zimebaki milioni 1.8. Kwa hesabu ya mkopeshaji, ukiweka riba ambayo yeye anasema walikubaliana na shemeji anakana, zimebaki milioni 4.2. Ugomvi wote uko hapo, kwenye hizo milioni 2.4 za katikati. Na mkopeshaji alikuwa ameshaupeleka panapostahili: wiki tatu kabla ya hapo alifungua shauri la madai Mahakama ya Mwanzo. Samansi ilikuwa kwenye droo nyumbani kwa dada. Shauri lilikuwa la Jumanne inayofuata.

Nikamwambia afande hivyo. Hakukasirika hata kidogo. Akanijibu kwa upole wa mtu aliyekwisha kusema jambo hilo mara nyingi: "Kaka, huko ni madai. Hapa ni jinai. Ni vitu viwili tofauti."

Ilipofika saa nne usiku, dada alikuwa amezungukia ndugu na majirani akapata milioni 1.5. Ikatumwa kwa simu. Ujumbe ulipoingia, mkopeshaji akausoma kwa sauti palepale ofisini. Ikachanwa karatasi kutoka kwenye kaunta buku, shemeji akaandikishwa kwamba anakiri kudaiwa shilingi 4,200,000, amelipa 1,500,000, na baki atalipa kwa awamu mbili. Mpelelezi akasaini kama shahidi. Mkanda ukarudi, viatu vikarudi. Ile jinai iliyokuwa nzito hadi ya kumvua mtu viatu haikutajwa tena. Hakuna aliyemwambia aripoti Jumatatu, wala fomu ya dhamana haikujazwa. Tukaenda nyumbani.

Nimelirudia sana jibu la yule afande, kwa sababu linakaribia kuwa kweli. Ni kweli madai na jinai ni vitu viwili, na ni kweli tendo moja linaweza kuzaa vyote. Aliyekugonga kwa gari akiwa amelewa atashtakiwa, na bado utamdai gharama za hospitali. Mweka hazina wa kikoba aliyehama usiku na fedha za wanachama anastahili kutafutwa na polisi, na wanachama bado wana haki ya kumdai. Aliyekuuzia kiwanja alichokwisha kuwauzia watu wawili kabla yako ni tapeli, pingu zinamstahili. Kenya wana hata kifungu, 193A katika Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kinachosema kuwapo kwa shauri la madai kuhusu jambo lilelile hakuzuii lile la jinai kuendelea. Kwa hiyo siwezi kudai kwamba samansi ya Mahakama ya Mwanzo ni kinga dhidi ya polisi. Kama ingekuwa hivyo, kila tapeli angewahi kufunguliwa kesi ya madai na rafiki yake.

Mimi natumia kipimo kimoja tu: jalada lilikwenda wapi baada ya pesa kulipwa?

Kama shemeji yangu kweli alijipatia fedha kwa udanganyifu, basi alitenda kosa ambalo Kanuni ya Adhabu ya Tanzania, Sura ya 16, imeliwekea kifungo cha hadi miaka 7. Kosa la namna hiyo ni dhidi ya Jamhuri. Halifutwi na milioni 1.5 iliyotumwa kwa simu, kama vile mwizi wa ng'ombe hasamehewi kwa kumrudisha ng'ombe zizini. Kanuni hiyohiyo inamhesabu kuwa mkosaji mtu anayepokea malipo ili kosa kubwa lifichwe au lisishtakiwe. Mwenye mamlaka ya kuamua shauri lisiendelee ni Mkurugenzi wa Mashtaka, na hata yeye Katiba, ibara ya 59B, imemtaka azingatie kutenda haki, kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za utoaji haki, na maslahi ya umma. Hayumo kwenye kaunta saa nne usiku.

Na kama hakukuwa na udanganyifu, basi hakukuwa na sababu ya kumvua viatu.

Hakuna njia ya tatu. Ama polisi waliachia mhalifu kwa sababu amelipa, ama walimkamata asiye mhalifu ili alipe. Jalada linalokufa siku deni linapolipwa limejishuhudia lenyewe kwamba halikuwa la jinai tangu lilipofunguliwa. Mara nyingi, na hapa nasema kwa niliyoyasikia kwa mawakili na kwa jamaa walioyapitia, halikuwa hata jalada; ilikuwa namba ya RB tu.

Udanganyifu si neno la kubandikwa kwa kila aliyechelewa kulipa. Kiini chake ni uongo uliokuwapo siku pesa inatoka mfukoni mwa mwenyewe. Unasema una duka na huna. Unaonyesha hati ya nyumba ambayo si yako. Unachukua nauli za mahujaji na safari haipo. Aliyekopa akiwa na nia ya kulipa, kisha soko likamwangusha, hakudanganya, ameshindwa. Kuna watu wa katikati, nakubali, waliokopa huku wanajua hawatalipa. Hao wanahitaji upelelezi hasa: kuulizwa mashahidi, kusomwa miamala ya simu, kuangaliwa kama walikopa kwa watu wengine kumi kwa hadithi ileile. Ijumaa ile hakuna aliyeulizwa chochote isipokuwa "utalipa lini". Mpelelezi hakuomba kuona hata ule mkataba wa mbele ya mwenyekiti wa mtaa.

Sasa nirudi kwenye ile karatasi ya kaunta buku, maana madhara yake yanaanzia pale watu wanapodhani yameisha. Kabla ya Ijumaa, kiasi cha deni kilikuwa kinabishaniwa. Baada ya Ijumaa, kuna maandishi na saini ya mdaiwa yanayokiri milioni 4.2 kamili, riba ndani yake, na shahidi ni afisa wa serikali. Kazi ambayo hakimu alipaswa kuifanya, ya kuuliza nani alilipa nini lini na riba ipi ilikubaliwa, imemalizwa na mtu mwenye bunduki kiunoni ambaye hakuuliza. Mkopeshaji anaingia mahakamani Jumanne akiwa na ushahidi ambao Alhamisi hakuwa nao.

Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, inasema makubaliano huwa mkataba pale yanapofanywa kwa ridhaa huru ya watu wenye uwezo wa kukubaliana, na ridhaa iliyopatikana kwa shuruti humpa aliyeshurutishwa haki ya kuubatilisha. Pekupeku, nyuma ya kaunta, Ijumaa usiku, ukisikia mkeo analia nje: kama hapo pana ridhaa huru, sijui shuruti itakuwaje. Lakini nani atamweleza hakimu? Wengi walioandika karatasi hizo wanaamini ni amri ya serikali. Wanalipa awamu zilizobaki kwa kuogopa saini yao wenyewe.

Ukiniuliza kwa nini mkopeshaji alifanya vile wakati kesi yake iko mahakamani, sitamwita shetani. Nilishawahi kudai. Nilimkopesha jamaa fedha za ada za watoto wangu, akaanza kukata simu, na siku moja nikajikuta nimesimama ng'ambo ya barabara nikikitazama kituo cha polisi, nikipiga hesabu. Anayedai ni mtu mwenye uchungu. Akienda mahakamani anapewa tarehe. Tarehe ikifika, mdaiwa hayupo. Ikifika nyingine, hakimu yuko semina. Akishinda, anaambiwa sasa aombe kukazia hukumu, yaani itekelezwe, aanze upya na maombi, amtafute dalali wa mahakama, amwonyeshe mali ya mdaiwa ambayo kwa wakati huo imeshahamia kwa shemeji wa mdaiwa. Mtu amedai milioni 2, ametumia laki 6 na miezi 14, ana karatasi yenye muhuri. Halafu jirani anamwambia kuna kijana pale kituoni, mpe hela ya mafuta, jioni umelipwa.

Kwa mtu kama huyo, kituo ni mahakama iliyo wazi usiku na mchana, isiyo na tarehe, yenye selo. Ndiyo maana makatazo ya wakubwa, kwamba polisi wasigeuke wakusanya madeni, hayafiki kaunta. Bidhaa ina wateja. Na bidhaa hii ina bei: anayeimudu ni mwenye namba ya simu ya mkubwa, mwenye gari la kumbebea askari kwenda kukamata. Mama anayedai laki 3 za vitenge hawezi kuinunua. Wakopeshaji wa kausha damu, wale wa riba kubwa, wanaweza. Benki Kuu inaweza kuweka ukomo wa riba kwa taasisi ndogo za fedha, na mahakama inaweza kuikataa riba ya kinyonyaji; kwenye kaunta riba ni ile anayoitaja mwenye soda mkononi.

Kuna jambo ambalo huwa halisemwi, na mimi ndilo linaloniuma zaidi. Mdaiwa wa kawaida hadaiwi na mtu mmoja. Shemeji alikuwa anadaiwa pia na wakulima wanne wa Ifakara waliomwachia mpunga kwa mali kauli, wakingoja walipwe akishauza, na pia na mwenye ghala. Milioni 1.5 iliyokusanywa usiku ule, laki 7 kati yake zilikuwa za wakulima. Dada alizitoa kwenye bahasha iliyoandikwa majina yao. Kwa hiyo polisi hawakumlipisha shemeji peke yake. Waliwalipisha wakulima wanne wasiojua kituo kile kiko wapi. Mahakama, pamoja na uvivu wake wote, inaweza kuuliza kama kuna wadai wengine na mali iliyobaki ni ya nani. Kaunta humjua mmoja tu, aliyefika kwanza.

Watu husahau pia kwamba sheria yetu haijakataa kabisa mdaiwa kufungwa. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inayotumika mahakama za wilaya kwenda juu, inamruhusu mshinda tuzo, yaani aliyeshinda kesi, kuomba mdaiwa awekwe ndani kama mfungwa wa madai. Lakini tazama milango anayopaswa kupita. Lazima kwanza kuwe na hukumu. Mdaiwa aitwe aeleze kwa nini asifungwe. Mahakama iangalie kama ana uwezo anaouficha au hana kitu kweli. Kisha anayeomba afungwe atoe yeye mwenyewe fedha za chakula chake gerezani, na akiacha kutoa, mtu anatoka. Na kifungo hakizidi miezi 6. Hata hivyo wapo wanaoona hayo ni makali mno, wakitaja ibara ya 11 ya Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, uliokubaliwa na Kenya mwaka 1972 na Tanzania mwaka 1976, inayokataza mtu kufungwa kwa sababu tu hawezi kutimiza wajibu wa mkataba. Mwaka 2010 Mahakama Kuu ya Kenya iliwahi kuitumia ibara hiyo dhidi ya kifungo cha madai, na majaji wengine wa nchi hiyo hawakukubaliana nayo. Mjadala huo ni halali. Ila unaweza kuona uchekeshaji wake: majaji wanabishana kama mahakama yenye hukumu mkononi inaweza kumfunga mdaiwa, huku mtaani konstebo asiye na hukumu anamfunga kila Ijumaa.

Ijumaa yenyewe haichaguliwi kwa bahati. Aliyekamatwa bila hati anapaswa kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24, au mapema inavyowezekana baada ya hapo, kama hajapewa dhamana. "Inavyowezekana" ndiyo inayobeba wikiendi nzima.

Wenzetu wamejaribu kuandika katazo waziwazi. Nigeria, katika Sheria ya Uendeshaji wa Haki Jinai ya mwaka 2015, walisema mtu asikamatwe kwa sababu tu ya kosa la madai au kuvunja mkataba, wakarudia katika Sheria ya Polisi ya 2020, kifungu cha 32. Katikati ya hapo, mwaka 2018, Mahakama ya Juu yao iliiambia EFCC, chombo cha kupambana na uhalifu wa kiuchumi, kwamba haikuundwa iwe wakala wa kukusanya madeni ya mabenki. Sheria nzuri, maneno mazuri. Na bado mawakili wa Lagos wanakesha vituoni kuwatoa wateja waliokamatwa kwa madeni, kwa hiyo sina imani kubwa na sentensi moja ya sheria. India ndiko nilikoona jambo likitajwa kwa jina lake: Aprili 2025 Jaji Mkuu Sanjiv Khanna alichukizwa na mtindo wa polisi wa Uttar Pradesh wa kugeuza madai ya fedha kuwa jinai, na wakili alipotoa sababu kwamba mashauri ya madai huchukua muda mrefu, jaji hakuipokea. Ni sababu ileile ya yule jirani na ya mkopeshaji wa shemeji.

Lakini sababu hiyo haitaondoka kwa kukataliwa. Kenya walianza mwaka 2021 mahakama za madai madogo, kikomo milioni moja ya shilingi zao, na sheria inataka shauri limalizike ndani ya siku 60. Hazifiki siku 60 kila mara, wanasheria wa huko watakuambia. Ila mdai ana pa kwenda pasipo na selo. Kwetu Mahakama ya Mwanzo inaweza kusikiliza madai ya fedha hadi milioni 30, na ziko karibu na watu. Kinachokosekana ni kasi baada ya hukumu. Kama kukazia hukumu ya milioni 2 kungechukua wiki 3 badala ya mwaka, biashara ya kaunta ingekosa nusu ya wateja wake bila waziri kutoa tamko.

Nusu nyingine ni ya polisi wenyewe, na hapo sitaki makubwa. Tume ya haki jinai iliyoongozwa na Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman ilimkabidhi Rais Samia ripoti Julai 2023, na humo mna mapendekezo ya kulifumua Jeshi lote la Polisi. Mimi naomba mambo mawili ambayo mkuu wa kituo anaweza kuyaanza kesho asubuhi. La kwanza, fedha ya mlalamikaji na mtuhumiwa isibadilishane mikono ndani ya kituo, wala kwa simu mbele ya mpelelezi, wala makubaliano yasiandikwe kwenye karatasi ya kituo. Wakitaka kupatana, nje kuna miti na mabenchi. La pili, mtuhumiwa akionyesha samansi ya shauri la madai kuhusu fedha zilezile, asiwekwe ndani kabla ya mwendesha mashtaka kulisoma jalada na kuandika kwa mkono wake kwamba anaona jinai. Kuandika kwa mkono kunasaidia. Watu wengi hufanya kwa mdomo mambo ambayo wasingeyatia saini.

Jumanne ilifika. Mkopeshaji alikuja amevaa suti, akatoa karatasi ya kaunta buku kwenye bahasha ya kaki, akasema mdaiwa amekiri kila kitu, anaomba hukumu. Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani ya kamba, aliisoma, akaigeuza nyuma kulikoandikwa kwa kalamu nyekundu orodha ya zamu za askari, akaigeuza tena mbele.

"Hii mliandikiana wapi?"

"Kwa amani tu, mheshimiwa. Mbele ya shahidi."

Akauliza shahidi ni nani. Mkopeshaji akataja jina bila cheo. Hakimu akaandika kwa muda mrefu, kisha akaagiza shahidi huyo aje mwenyewe aeleze makubaliano yalivyofanyika, na shauri likaahirishwa. Mpaka naandika haya ameshapelekewa samansi mbili. Hajatokea.